Jina la Ugonjwa

Nekesa aliigeuza kalenda ya mezani imwelekee Nyawal, kisha akahesabu kwa ncha ya kalamu. Hukumu ya kesi ya mtoto ilisomwa tarehe sita Machi. Siku thelathini za kukata rufaa ziliisha tarehe tano Aprili. Leo ilikuwa tarehe ishirini Mei. Alipofika mwisho, wakili huyo kijana wa shirika la msaada wa sheria aliifunika kalamu yake, akashusha pumzi.

"Umechelewa siku arobaini na tano, Mama Nyamal."

Nyawal alizitazama zile tarehe. Tangu atoke hospitali tarakimu zilikuwa zikimkimbia machoni, na mkono wake wa kulia ulitetemeka kwa sababu ya vidonge, hata ukiwa umelala mapajani. Aliufunika kwa ule wa kushoto. Kando yake aliketi dada yake mkubwa, Nyaboth, amekumbatia mfuko wa karatasi zao.

"Si mahakama inaweza kukubali rufaa iliyochelewa?" Nyaboth aliuliza.

"Inaweza, ikipewa sababu ya kutosha. Ugonjwa ni sababu. Lakini jaji hataki kuambiwa tu kwamba mtu aliugua. Anataka karatasi, na anataka kila siku ielezwe. Hii ulikuwa wapi, hii ulikuwa wapi, mpaka leo."

Nyaboth alitoa karatasi ya hospitali ya Lodwar, ile aliyopewa mgonjwa siku ya kuruhusiwa. Nekesa aliisoma. Katikati macho yake yalisimama, yakarudi juu, yakateremka tena. Kisha akautazama ukuta wa mbao nyembamba uliotenganisha ofisi yake na benchi la nje. Watu wote wa kambi ya wakimbizi ya Kakuma walijua kwamba ukikaa kwenye benchi lile unasikia kesi ya kila mtu kabla hujaingia na yako. Alipoongea tena alishusha sauti.

"Wodi ya akili?"

"Ndiyo," Nyawal alisema.

Nje, mtu aliyekuwa akikohoa alinyamaza.

"Mnakumbuka Jal alisema nini mbele ya hakimu?" Nekesa aliuliza.

Nani angesahau? Jal, baba wa binti yake Nyamal, mwenye kibanda cha kuchaji simu, alisimama akasema kwamba mama Nyamal si mzima wa kichwa, kwamba sokoni anaongea peke yake. Nyawal aliapa kwamba ni uongo, na kweli ulikuwa uongo. Alikuwa akihesabu samaki wake wakavu kwa sauti, kama wauza samaki wote. Hakimu alisema madai hayo hayana ushahidi, akayaweka kando. Kilichomnyang'anya Nyawal mtoto ni mguu wa Nyamal. Nyawal alikuwa amekwenda Kalokol, kule ziwani, kununua samaki, akamwachia jirani mtoto, uji wa moto ukammwagikia mtoto mguuni. Basi Nyamal, mwenye miaka sita, akakabidhiwa baba yake, aliyeishi na dada yake Nyakong, mwanamke anayeshinda nyumbani kutwa.

"Hakimu alisema hakuna ushahidi," Nekesa aliendelea. "Hii hapa ndiyo ushahidi. Nikiipeleka Mahakama Kuu kule Lodwar, inaweza kukusamehe kuchelewa. Lakini wakili wa Jal lazima apewe nakala. Tukishaingia kwenye rufaa yenyewe, kuhusu mtoto, ataichukua karatasi hii hii amsomee jaji."

"Na tusipoipeleka?" Nyaboth aliuliza.

"Hakuna rufaa."

Nekesa ndiye aliyeanza tena, kwa sababu kazi yake ilimtaka aanze. "Uliruhusiwa tarehe mbili Mei. Leo ni ishirini. Siku kumi na nane hizi nitazieleza vipi?"

"Nilikuwa nalala sana," Nyawal alijibu kwa Kiswahili chake cha sokoni. "Dawa inalaza mtu. Na nikiamka natafuta ile hukumu, sioni. Nimetafuta chini ya godoro, kwa sanduku, kila siku. Nikajua ni kichwa tu. Kichwa ndiyo imepoteza."

Nyaboth alianza kuikunja na kuikunjua pembe ya mfuko.

"Nilikuwa nayo mimi," alisema.

Nyawal aligeuka kumtazama.

"Niliitia ndani ya debe la unga. Wakili, yeye alisomewa ile karatasi, siku ya nane akaingia lagani Tarach, ule mto mkavu, jua la saa sita, akachimba mchanga kwa mikono. Anasema mtoto yuko chini anamwita. Alichimba mpaka kucha zikatoka. Watu walimfunga kamba ndipo wakaweza kumpandisha gari. Nilimwona ndugu yangu amefungwa kama mbuzi wa kwenda sokoni. Ningempa tena karatasi hiyo hiyo?"

Nyawal alikuwa bado anamtazama dada yake. Hasira aliisikia ikija kutoka mbali, ikija polepole kama kila kitu kilivyomjia siku hizo, na kabla haijafika aliona kwamba Nyaboth amekonda. Mgao wa chakula ulipopunguzwa mara ya pili, yeye akiwa wodini, dada yake alikuwa akimpelekea chakula Lodwar kupitia kila mtu aliyesafiri.

"Nilidhani ni kichwa changu," alimwambia kwa Kinuer.

Nyumbani, ndani ya ua wao wa miba, Nyaboth aliinjika uji wa mtama na kuzungumza akiwa ameupa moto uso, ili asilazimike kutazamana na mtu.

"Kuna mtu sokoni ana kliniki. Anaandika barua. Malaria kali, ya kulazwa, muhuri na kila kitu."

"Malaria ya siku arobaini na tisa?"

"Ataandika na homa ya matumbo. Nyawal, malaria kila mtu anaugua. Hata huyo jaji ameugua. Nani atakunyima mtoto kwa malaria?"

"Wakili alisema nitaapa."

"Utaapa kwamba uliugua. Hukuugua?"

Nyawal aliyafikiria hayo uji ukiwa unachemka. Hakuwa na nguvu ya kuwa mtu mwema kuliko wengine. Tangu arudi alikuwa ameshaona vya kutosha. Mwanamke waliyekuwa wakiuza pamoja alikuwa amehamisha meza yake, akasema ni kwa sababu ya kivuli. Wateja walimrudishia chenji wakiiweka mezani, si mkononi. Kanisani mama mmoja alimvuta mwanawe upande wa pili Nyawal alipopita. Ikiwa neno moja kwenye karatasi lingeweza kubadilishwa na jingine, na kwa neno hilo Nyamal arudi, kwa nini asilibadilishe?

"Yule wa sokoni watajua ni mwongo," alisema mwishowe. "Nikienda kliniki yangu Lodwar, nitamwomba daktari mwenyewe."

Kwenye fomu ya kibali cha kutoka kambini palikuwa na mstari wa kueleza sababu ya safari. Karani alimwuliza, naye akasema matibabu. Karani akamwuliza matibabu ya nini. Nyuma yake foleni ilikuwa imembana mgongoni.

"Kichwa inauma," alisema.

Lomuria, muuguzi wa wodi ile, alikuwa Mturkana mrefu mwenye sauti ya taratibu. Wagonjwa wote walimwita daktari na alikwisha kuchoka kuwakatalia.

"Ejok?" alimsalimu.

"Ejok," Nyawal aliitika. Neno hilo alilijua kutoka kwa wanawake wa mjini walionunua samaki wake.

Alimwambia anyooshe mikono, akaitazama ikitetemeka, akapunguza kipimo cha vidonge na kuongeza kingine cha kutuliza mtetemo. Aliuliza kama analala, kama anakula, kama sauti zimerudi. Nyawal alijibu yote. Kisha akaomba lile aliloendea.

Lomuria aliiweka kalamu chini. "Malaria siwezi kuandika. Ulipofika tulikupima malaria, hukuwa nayo. Iko kwenye faili."

"Daktari, mtoto wangu ataenda."

"Nimekusikia." Aliifungua tena faili ile. "Naweza kuandika kwamba ulilazwa hapa kuanzia tarehe kumi na nne Machi mpaka tarehe mbili Mei, na kwamba hukuweza kushughulikia mambo yako. Jina la ugonjwa nitaliacha. Hilo si uongo, ni siri yako tu. Lakini wakikuuliza, mimi sitakuwepo kukujibia."

Aliandika, akagonga muhuri, akaupuliza wino ukauke. Nyawal aliikunja barua mara nne na kuisukuma ndani ya kifua cha gauni lake. Nje, chini ya ukuta wa hospitali, alikaa kungoja gari la kurudi Kakuma.

Ombi lilisikilizwa Juni, siku ya Alhamisi. Nekesa alizungumza Kiingereza kwa muda mrefu, na mkalimani, mzee wa kanisa lao ambaye mahakama ilimwita kwa ajili ya Kinuer, alimnong'oneza Nyawal sehemu tu za maneno hayo. Jal alikaa upande wa pili akiwa na shati lililopigwa pasi. Nyakong hakuja, alikuwa amebaki na mtoto.

Wakili wa Jal alisimama na barua ya Lomuria mkononi.

"Mheshimiwa, barua hii inasema alilazwa. Haisemi alilazwa kwa nini. Kuna mtu hulazwa kwa jino. Aliyechelewa siku arobaini na tano lazima aseme aliugua nini, la sivyo kila atakayesahau tarehe atakuja na barua ya namna hii. Naomba nimwulize mwenyewe."

Jaji, mama mtu mzima aliyening'iniza miwani kifuani kwa uzi, alimgeukia Nyawal. Aliongea Kiswahili, polepole, ili afahamike.

"Mama, kiapo chako kinasema uliugua. Sitakulazimisha useme ugonjwa wako mbele ya watu. Lakini nisipokuwa na sababu, sina cha kupima. Unaelewa?"

Nyawal alielewa. Alimtazama Nekesa. Nekesa aliinamisha macho mezani, kwa sababu hapakuwa na la kumshauri ambalo hakuwa amekwisha kumshauri. Akae kimya na mlango wa rufaa ufungwe hapa, au aseme na ufungwe mbele, kwenye kesi ya mtoto yenyewe.

Akasema. Alisema kwa Kinuer, sentensi tatu, akalitamka lile neno ambalo kwao watu hulitaja kwa sauti ya chini hata wakiwa wanalitaja kwa mtu aliyekwisha kufa.

Mkalimani alikohoa. Yeye ndiye aliyekuwa ameshika mkia wa kamba siku ile ya lagani, huku akilia. Aliinama kwa jaji na kusema, "Mheshimiwa, anasema alikuwa na mawazo mengi. Alikuwa amechoka sana."

"Mawazo?" Wakili wa Jal alitabasamu. "Mheshimiwa, sisi sote tuna mawazo."

"Hapana."

Nyawal alikuwa amesimama bila kuambiwa asimame. Mkono ulikuwa ukitetemeka wazi, na safari hii hakuufunika.

"Huyu mzee ananionea huruma. Mimi sikusema mawazo. Nasema mwenyewe. Mimi nilikuwa mgonjwa ya akili. Ile watu wanaita wazimu. Nilisikia mtoto ananiita chini ya mchanga, nikachimba. Nilifungwa kamba hapa na hapa." Akavuta mikono ya gauni juu. Alama zilikuwa zimebaki, nyepesi, kama za bangili. "Hospitali ilinipa dawa. Siku ile muda ya rufaa iliisha mimi sikujua hata jina yangu. Halafu nikatoka, dada yangu akaficha karatasi juu aliogopa nitaugua tena. Yeye hana makosa, msimfunge. Sasa mtoto simsikii tena chini ya mchanga. Najua yuko wapi. Yuko kwa baba yake."

Jaji alivaa miwani akaandika. Wakili wa Jal naye aliandika, kwa haraka zaidi, akageuza ukurasa na kuendelea. Jal alikuwa ameinamisha kichwa, akiutazama upindo wa shati lake.

Uamuzi ulisomwa alasiri hiyo hiyo. Jaji alisema ugonjwa ulikuwa wa kweli na mzito, na kwamba sheria haiwezi kumtaka mtu ahesabu siku wakati hata jina lake limempotea. Siku kumi na nane za mwisho alizikubali pia, japo kwa shida, akasema hivyo. Muda uliongezwa kwa siku kumi na nne.

Kabla jaji hajafunga faili, wakili wa Jal alisimama tena. Kwa haya ambayo mahakama imeyasikia leo, alisema, tena kutoka kinywani mwa mama mwenyewe, anaombea usalama wa mtoto.

Jaji aliwasikiliza mawakili wote wawili. Mpaka siku ile, ukiacha wiki za wodini, Nyawal alikuwa akimchukua Nyamal kila Jumapili baada ya kanisa, peke yake, na kumrudisha jioni. Sasa iliamriwa kwamba atamwona saa moja tu, nyumbani kwa baba, mbele ya mtu mzima wa nyumba hiyo, mpaka daktari na afisa wa watoto walete ripoti zao. Ripoti zilichukua muda gani katika kesi nyingine? Nyawal alimwuliza hivyo Nekesa walipotoka.

"Mara nyingine miezi mitatu. Mara nyingine zaidi." Nekesa alikuwa akizipanga karatasi ambazo zilikuwa zimekwisha kupangika. "Lakini rufaa imeingia. Tumeshinda, Mama Nyamal."

"Ndiyo."

Jal alikuwa amesimama kwenye ukumbi wa nje, kando ya mtungi wa maji, kana kwamba anangoja zamu. Wakili wake alikuwa amekwenda. Alimkaribia Nyawal hatua mbili, akasimama pale pale.

"Kumbe ilikuwa kweli," alisema kwa lugha yao.

"Uliposema haikuwa kweli."

"Wakili ndiye aliyeniambia nilitaje. Alisema litasaidia." Alijipangusa midomo. "Sikujua uliletwa huku umefungwa. Hakuna mtu aliyeniambia."

"Ungefanya nini?"

Jal alifikiri. "Dawa unakunywa?" aliuliza.

"Nakunywa."

"Usiache," alisema, na akaenda kumtafuta wakili wake.

Jumapili Nyawal hakwenda kanisani. Habari zilikuwa zimekwisha kufika Kakuma kabla yake, na alitaka awe na nguvu za kutazamwa mara moja tu siku hiyo. Nyaboth alimsuka vizuri, akampaka mafuta, akamkagua kama anavyokaguliwa bibi harusi. "Usiongee sana," alimshauri. "Usicheke sana pia."

Nyakong alikuwa ameketi kwenye mkeka chini ya kivuli cha neti, anakatia vitunguu kwenye sahani ya bati. Si mwanamke mbaya. Kidonda cha mguu wa Nyamal yeye ndiye aliyekiosha kila siku mpaka kikafunga. Alipomwona Nyawal langoni alisimama, akampa mkono, akasema karibu. Kisha akakiokota kisu, akakifuta kwenye sketi yake, akaingia nacho ndani. Alirudi mikono mitupu. Kitunguu cha mwisho kilibaki kwenye sahani, kimekatwa nusu.

Aliketi kwenye kizingiti cha mlango, akauweka mwili wake katikati ya uwazi.

Nyamal alitoka mbio nyuma ya nyumba, akafika karibu na mama yake, akasimama ghafla kama aliyekumbuka kitu alichoambiwa. Alimgeukia shangazi yake. Nyakong aliitikia kwa kichwa. Ndipo mtoto alipokuja kukaa mkekani, polepole, na kuuegemeza ubavu wake kwenye wa mama.

"Shangazi anasema wewe mgonjwa."

"Niliugua."

"Tumbo?"

"Kichwa."

Nyamal aliupeleka mkono akalishika paji la uso la mama yake kwa kiganja, kama anavyopimwa yeye akiwa na homa. Kizingitini Nyakong alinyanyuka nusu, kisha akakaa tena.

"Hakina joto," mtoto alisema.

"Hakina. Nimepewa dawa."

"Utanichukua leo?"

"Leo nitakaa hapa."

"Mpaka jioni?"

"Saa moja."

Mtoto hakujua saa moja ni ndefu kiasi gani, na alionekana kuridhika. Sufuria ilikuwa tayari mekoni, mafuta yamekwisha kupata moto, vitunguu vinangojwa. Nyakong aliitazama sufuria, akautazama mlango alioukalia, asiinuke. Nyawal alikivuta kile kitunguu nusu. Aliingiza ukucha, mmoja wa zile zilizoanza kuota upya, akabandua ganda moja, akalirarua vipande vidogo na kuviangusha kwenye sahani. Nyamal alilichukua ganda la pili akafanya vivyo hivyo.

"Vidogo zaidi," Nyawal alimwelekeza. "Hivyo. Shangazi yako anataka kupika."

Machozi ya kitunguu yalianza kumtoka, naye akayaacha yatoke. Hakuthubutu kuinua mkono ajifute, kwa sababu Nyakong alikuwa anaitazama mikono yake.